Tafsiri ya Marehemu Thani

Kila Ijumaa baada ya sala, marehemu Thani alikuwa akiweka filamu ya kuchekesha ya Kirusi, aliyoipenda tangu alipokuwa mwanafunzi Moscow. Ilihusu majirani wa kijiji kimoja waliogombania kila kitu, hata kuku. Mkewe, Bi Kheiria, hakujua hata neno moja la Kirusi. Thani ndiye aliyemtafsiria, na kila mara alicheka kabla mzaha haujafika.

Sasa Bi Kheiria yumo edani, mwezi wa pili, nyumbani kwao, mtaa wa Madinat Sultan Qaboos. Ijumaa moja alimwambia bintiye, "Jawaher, niwekee ile filamu ya baba'ko. Nnataka kumsikia."

Jawaher aliipata kwenye simu, ina maandishi ya Kiarabu chini, akairusha kwenye televisheni. Bi Kheiria akasoma, akakunja uso. Yule mama mnene wa kijijini, ambaye kwa tafsiri ya Thani alikuwa akimwambia mumewe, "Wewe mzigo wa kuni mbichi, huwaki wala hubebeki!" kumbe alikuwa akiuliza saa ya mkutano.

"Mama, baba alikuwa akitunga!" Jawaher alishangaa. "Miaka arobaini kakudanganya!"

"Kanidanganya, Mola amrehemu. Yaondoe hayo maandishi."

Filamu ikaanza upya. Yule mama mnene alipofungua kinywa, Bi Kheiria akamsemea, "Wewe mzigo wa kuni mbichi, huwaki wala hubebeki!" Jawaher akaangua kicheko. Kabla ya mzaha uliofuata, mamake akakingoja kile kicheko kingine kilichozoea kutangulia. Kisha akajifuta macho kwa ncha ya mtandio, akaendelea kutafsiri.