Siku Niliyowasemea Waingereza Mjini Savage

Kosa langu la kwanza lilikuwa kuwatafutia Waingereza babu mmoja. Mimi ni Mbukusu wa Bungoma. Kwetu mtu akitaka kujulikana hutaja ukoo wake, na ukoo una mwanzilishi aliyetoka mahali fulani. Nilidhani kila taifa limejengwa hivyo. Historia nilijifundisha mwenyewe, kwa vitabu vya maktaba nilivyosoma saa za mapumziko kazini, na kwa miezi miwili nilichora mti wa ukoo wa Waingereza nikimtafuta baba yao. Niliuchora upya mara saba. Sikumpata, na niliona aibu kana kwamba mimi ndiye niliyempoteza.

Aliyenifanya nimtafute ni Oliver, mwenzangu katika makao ya wazee tunakofanya kazi. Ametoka Uingereza, na alitaka kumwoa Wambui, msichana wa Kikuyu aliyelelewa na baba yake mdogo, Mzee Karanja, katika mji wa Savage, hapa Marekani. Mzee alisema hatasikiliza posa mpaka watu wa kijana waje kujitambulisha kwa desturi, wakiwa na msemaji. Oliver hana ndugu Marekani, kwa hiyo watu wake nikawa mimi. Nikishindwa kueleza ametoka kwa akina nani, mambo yangekwama hapo, kwa sababu Wambui alikuwa amesema wazi kwamba haolewi bila baraka za nyumba ile.

Saa mbili asubuhi, Jumamosi, Oliver alinichukua kwangu Inver Grove Heights. Nilikuwa nimebadilisha tai mara tatu. Mfukoni nilikuwa na kadi tisa zilizoandikwa kwa mwandiko mdogo, na tulipokuwa tukivuka mto nilimsomea ya kwanza: hapo kale kisiwa chao hakikuwa kisiwa, wawindaji walifika kwa miguu, kisha bahari ikapanda ikawafungia humo. Oliver alisema hakuwahi kusikia habari hiyo. Hilo lilinitia hofu. Ikiwa mwenyewe hajui, nani angenisahihisha nikikosea?

Saa tatu na nusu tulifika Cedar-Riverside, mtaa wenye maduka ya Wasomali, kununua zawadi: sukari, majani ya chai, na blanketi la shangazi yake Wambui. Mwenye duka, Mama Hodan, ni Msomali aliyeishi Eastleigh, kule Kenya, miaka mingi. Alitaka kujua msafara ni wa nini, nikamweleza.

"Kwetu mtoto wa shule anataja babu kumi," alisema. "Huyu wako anajua wangapi?"

Oliver alihesabu kwa vidole. Baba. Babu. Kisha mtu mmoja wa mji wa Leeds aliyeezeka mapaa, ambaye jina lake hakulikumbuka.

"Wawili na nusu," akasema Mama Hodan. "Ongeza sukari."

Saa sita tulikuwa barabarani kuelekea kusini. Niliendelea na kadi. Wakulima walileta mbegu wakasimamisha mawe makubwa kwa duara, na hakuna ajuaye kwa hakika kwa nini. Wakaja wenye shaba. Wakaja Warumi wakajenga barabara na ukuta, wakaondoka. Wakaja Waanglia na Wasaksoni kutoka ng'ambo, nao hawajatulia, wakaja watu wa kaskazini na majahazi yao, halafu Wanormani. Kila nilipodhani nimempata mwenyeji, nilikuta naye ni mgeni aliyetangulia kidogo. Hapo Oliver akaniambia mama yake ni wa Wales, na nisithubutu kumwita Mwingereza akisikia. Sikuwa na kadi ya Wales. Nilimwomba asimamishe gari niandike upya. Alikataa, na nadhani alifanya vyema.

Saa saba na nusu tulibisha hodi kwa Mzee Karanja. Hakufungua. Aliuliza kupitia mlangoni sisi ni akina nani na kama tumepotea njia, jinsi wachumba wote wanavyoulizwa. Nilijibu kwamba mimi ni msemaji wa Waingereza.

"Sauti yako ni ya Bungoma," akasema. "Tangu lini Mwingereza akazaliwa Bungoma?"

"Tangu leo asubuhi, Mzee."

Ndani walicheka, tukafunguliwa. Sebuleni walikuwa wamejaa wazee wa kanisa lao, na karibu na dirisha aliketi dada mkubwa wa Mzee, Shangazi Wangari, aliyekuja kutoka Nyeri kumtembelea. Wambui alisimama kwenye mlango wa jikoni.

Nilianza na wawindaji. Nilipofika kwa Wanormani jasho lilikuwa limelowesha kola.

"Ngoja," Mzee Karanja akanikatiza. "Sasa mwenyeji ni nani hapo?"

Nilisema ni yule aliyefika mapema. Akauliza mapema kuliko nani. Nilipekua kadi, moja ikaanguka. Wazee walianza kubishana wao kwa wao, mmoja akisema hata Wakikuyu walifika wakakuta watu, mwingine akimwambia anyamaze. Sikujua tena nilikuwa nikieleza nini.

Kadi ya tisa ilihusu himaya: meli, watumwa, sukari, viwanda, na ardhi za watu, pamoja na zetu. Hiyo nitaungama. Niliirudisha mfukoni. Nilijiambia ni adabu, kumbe ni woga. Kutoka kwa wafalme wao nikaruka hadi leo, nikasema ni watu wanaopenda chai na mpira kama sisi.

"Kijana," Shangazi Wangari akasema polepole, "umeruka."

Wazee wote wakamgeukia, naye akaendelea.

"Umetutoa kwenye mawe ukatufikisha kwenye mpira. Hapo katikati walikuja kwetu. Mimi nilizaliwa kwenye kijiji chenye uzio, baba akiwa kizuizini. Watu wa huyu walikuwa wapi?"

Nilimtafsiria Oliver. Akasema hajui. Nilitaka kumrembeshea jibu, niseme walikuwa maskini wa Leeds wasiowahi kupanda meli. Maneno yalikuwa tayari kinywani. Kisha nikamwona Wambui akinitazama.

"Anasema hajui, Shangazi."

"Basi akaulize. Akishajua, arudi. Asipojua, asirudi."

Zawadi zetu tuliambiwa tuzirudishe garini.

Saa kumi, Oliver aliegesha kando ya kituo cha mafuta karibu na mto, akampigia mama yake. Kwao ulikuwa usiku, lakini alikuwa macho. Mama akasema baba yake mzazi, naye wa Wales, aliitwa jeshini kwa lazima akiwa kijana, akapelekwa Kenya wakati wa Hali ya Hatari, miaka Wakikuyu walipofungiwa kwenye vijiji na kambi, akalinda kambi ya wafungwa. Aliporudi hakulizungumza hata siku moja.

Oliver alikata simu. Mimi, ambaye siwezi kuacha jambo likiwa na doa, nilimshauri tuseme babu alikuwa askari tu, tuishie hapo.

"Yule shangazi alisikia uliporuka," Oliver akasema. "Atasikia tena."

Baada ya wiki mbili tulirudi Savage. Safari hii Oliver alisema mwenyewe, mimi nikatafsiri neno kwa neno bila kadi. Shangazi aliuliza kambi ipi. Oliver alitaja jina alilopewa na mama yake.

"Si ya baba," akasema Shangazi. Alifikiri. "Lakini uzio ni uzio." Halafu akamgeukia Wambui. "Mletee chai. Na hizo zawadi zisikae garini, zitaharibika."

Oliver na Wambui wanafunga ndoa mwezi wa tisa. Waingereza ni akina nani bado sijui vizuri, na kila kitabu ninachosoma kinanichanganya zaidi. Ila tangu siku ile nimebadilika kwa jambo moja: nikifika mahali nisipopajua, au ninapopaogopa, nasema hivyo mbele ya watu, kisha naendelea.