Miwani Ndani ya Friji

Dada yangu ananasa sauti kwenye filamu za mazingira, na sijaona mtu mwenye ugomvi na friji kama yeye. Akiingia chumba chenye friji, hata salamu hazijaisha, ameshaizima isingurume kwenye mahojiano. Ili asisahau kuiwasha, huweka ufunguo wa gari humo ndani. Bila ufunguo hatuondoki.

Siku hiyo tulikuwa zahanati, tunarekodi habari za friji ya chanjo inayotumia sola. Nesi alikubali izimwe kidogo tu. Ufunguo alikuwa nao dereva, kaenda kujaza mafuta, basi dada akaweka miwani yake. Mimi sikujua, nilikuwa juu ya paa napiga picha za paneli.

Mahojiano yakaisha, nesi akaitwa haraka kwa mgonjwa. Nikafungua friji nipige picha za chanjo, nikaona miwani. Mjinga mimi! Nikacheka, nikampelekea dada nje. "Utasahau kichwa siku moja," nikamtania. Alikuwa anakunja nyaya huku anabishana na dereva. Akaivaa, tukaondoka.

Njiani akawa anasikiliza alichorekodi. Sauti ilikuwa safi, hakuna mngurumo hata kidogo. Ghafla akavua hedifoni.

"Hii miwani uliitoa wapi?"

"Kwenye friji."

"Mungu wangu! Geuza gari!"

Kesho yake ndiyo ilikuwa siku ya chanjo. Akina mama wangetembea na watoto mgongoni kuja kuambiwa dawa zimeharibika. Tukarudi mbio, tukamwambia nesi friji bado imezimwa.

Nesi alikimbilia kipimajoto. Kikipita nyuzi nane, chanjo zote ni za kutupwa. Kilisoma saba. Akaiwasha friji, kisha akatugeukia, na hapo tulioga matusi ya heshima.

"Ni mimi," dada akasema. "Nimesahau. Nisamehe, mwenzangu."

Nikafungua mdomo. Akanikanyaga mguu, tena kwa kisigino.

Garini nikamuuliza kwa nini. "Kesho unarudi peke yako kupiga picha za watoto," akasema. "Mimi kazi yangu hapa imeisha. Akukasirikie wewe, atakuruhusu?"

Nampenda huyu mwanamke, basi tu.

Asubuhi kina mama walijaa hadi barazani. Nesi akanipokea vizuri, akaniwekea kiti karibu na meza.

"Afadhali umekuja wewe," akasema. "Yule dada yako hayuko makini kabisa."

Nikaweka kamera chini. "Sista," nikamwambia, "kabla hujaniruhusu, nisikilize. Miwani niliitoa mimi."