Kidole cha Tano

Kila Jumamosi ya mwaka ule wa 2006, kwenye chumba cha parokia pale Molenbeek, Ubelgiji, mwalimu wa katuni aliinamia karatasi mpaka ndevu zikagusa wino. Waamerika, alipenda kusema, walichora mikono ya vidole vinne ili kazi iende haraka, kisha wakaleta kompyuta. "Lakini mimi muntu wa Likasi kule Congo, kichwa nguvu, sibadiliki, ninachora vitano." Sinema ya katuni waliyoichorea watoto, ya mtoto anayerudi nyumbani kwao, ilitakiwa kuonyeshwa Jumapili moja; isipokamilika, chumba kingepewa darasa la kompyuta. Hadassa, mwanafunzi wake mkimya, akamsaidia kwa siri: akachora mikono mia moja ya vidole vinne. Mwalimu alipoiona alikohoa tu, akaanza kuongeza kidole kimoja kimoja.

"Tonton, siku zinaisha!" Hadassa akamwambia, akimwita mjomba kwa Kifaransa.

"Alors? Mama ya huyu mutoto akiniuliza kidole kimepotelea wapi, nitamujibu nini?"

Jumapili sinema ikakatika katikati, michoro ikiwa imeishia hapo na mtoto wa katuni bado hajagonga mlango wa kwao, na watazamaji wakazomea. Mwalimu akacheka kuwashinda wote. "Bon, sinema imenishinda. Vidole, nilimaliza byote!" Jumamosi iliyofuata Hadassa alimkuta kwenye chumba kilekile, sasa darasa la kompyuta, kiti cha mbele, ameinua mkono kumuuliza mwalimu mpya. "Madame, hii mashini inajua kuhesabu mpaka tano?"