Barua Aliyoipandisha Mwalimu Gaspar

Mwaka 2010, pale watu walipoanza kuwasema wakubwa mtandaoni kwa majina ya kubuni, Gaspar alikuwa mwalimu wa jiografia Kibamba. Kwenye jukwaa moja la mtandaoni alijiita Jicho la Bonde. Kila akitoka kazini alipitia kafe ya intaneti, akaandika kuhusu kisima walichoahidiwa wakazi na kisichochimbwa.

Atuganile, mwenzake wa kwaya, alikuwa karani wa masjala katika ofisi moja ya umma. Jumapili moja alimpenyezea nakala ya barua: mradi wa kisima ulikuwa umehamishiwa nyumbani kwa mkubwa fulani.

"Mwalimu, soma, kisha andika kwa maneno yako," alimwambia. "Karatasi yenyewe usiionyeshe mtu."

Gaspar aliandika hivyohivyo. Lakini jukwaani walimcheka. "Porojo! Leta ushahidi!" Uso ukamwaka kama amezabwa kofi. Akaiskani barua, akaipandisha nzima, na namba ya jalada pembeni, kwa mwandiko wa Atuganile.

Jioni ile Jicho la Bonde alisifiwa na watu asiowajua. Siku ya nne Atuganile aliitwa ofisini. Wiki haikuisha, kazi hana.

Gaspar alizipata habari kwenye mazoezi ya kwaya. Alifuta akaunti yake, akaacha kwaya, akahamia ibada ya pili ili asionane na Atuganile. Kila siku alijiambia atakwenda kumwomba radhi kesho, na kesho zikawa miaka.

Mwaka jana ndipo alipomfuata Mtoni, kwenye kibanda anaposhonea sare za shule. Mvi zilikuwa zimemwingia.

"Mwalimu! Karibu. Umepotea jamani."

Gaspar hakukaa. "Ile barua niliipandisha mie."

"Najua. Si nilikupa wewe peke yako?"

"Mbona hukunitaja?"

Atuganile alisimamisha cherehani. "Walinikalisha kwenye benchi siku tatu, wananiuliza nilimpa nani. Kila mlango ukifunguliwa nilidhani ni wewe, umekuja kusema mwenyewe." Akashusha pumzi. "Nilikungoja kweli, Gaspar."

Alikuwa hajawahi kumwita kwa jina lake. "Nisamehe," Gaspar akasema.

"Nilishakusamehe," Atuganile akasema. "Ila ningefurahi ungekuja siku ile."

Mama mmoja akaingia na binti wa kupimwa sketi. Atuganile akachukua futi kamba, na Gaspar akasogea kando kuwapisha.