Makochi ya Kuazima

Watazamaji walimwita Bingwa wa Sebule. Kwenye televisheni aliingia nyumba yenye sebule iliyochoka, akaiacha inang'aa, na mwenye nyumba akalia kwa furaha. Machozi ndiyo yaliyokiuza kipindi. Kamera haikuonyesha lori lililosubiri nyuma: makochi, zulia na taa vilikuwa vya kuazima, na upigaji picha ukiisha vilirudi dukani. Wenye nyumba waliambiwa mapema. Walibaki na rangi na mapazia, wakaridhika.

Mmoja tu hakuambiwa, naye ni mama yake mdogo, aliyemlea tangu alipofiwa na mama. Mtayarishaji alitaka machozi ya kweli, na Bingwa alijua mama mdogo hawezi kuigiza. Akanyamaza. Makochi ya zamani ya mbao, aliyoyalalia yeye mwenyewe utoto wake wote, akawapa vibarua wayachukue kwa sababu yaliharibu picha. Haya, mama mdogo akaingizwa sebuleni, akalia mpaka mpiga picha naye akafuta macho. Kisha lori likapakia.

"Ah, kumbe," akasema mama mdogo, masikini ya Mungu, akaenda jikoni kujiletea kigoda. Asante ya punda ni mateke, na punda huyu alisomeshwa!

Tangu siku hiyo Bingwa aliikwepa nyumba ile. Mara ngapi alitaka kununua makochi mengine ayapeleke! Lakini kuyapeleka kungekuwa kukiri, na kukiri kulimshinda. Aliona haya, basi.

Sasa mtayarishaji akaja na lake. "Watu wanamuulizia sana mama yako mdogo. Turudi tukamwone. Makochi yale bado yapo dukani, tutayaazima asubuhi moja."

Bingwa hakuwa na ubavu wa kukataa. Akaenda kuomba ruhusa, akamkuta mama mdogo mlangoni anaongea na jirani.

"Ndiye huyu wa kwenye televisheni?" jirani akauliza. "Mbona hayo makochi yake siyaoni humu?"

"Yako kwa fundi, anabadilisha vitambaa," mama mdogo akajibu bila kupepesa macho.

"Mpaka leo?"

"Si unawajua mafundi!"

Jirani akacheka, akaenda zake. Bingwa alitamani ardhi ipasuke immeze. Mwanamke asiyejua kuigiza alikuwa amejifunza, na aliyemfundisha ni yeye.

Ndani, kuta zilikuwa na rangi ile aliyoichagua kwa madaha, na katikati ya sebule viti viwili vya plastiki.

"Mama mdogo, wanataka kuja kupiga picha tena."

"Na makochi yatakuja?"

"Yatakuja. Kwa asubuhi hiyo tu."

Mama mdogo akafuta kiti kimoja kwa upindo wa nguo yake, akamsogezea aketi.

"Waje tu, mwanangu, kazi yako isiharibike. Ila safari hii niambie mapema: nilie, au nicheke?"