Mgonga Madirisha

Kaka yangu aliirudisha diski ya filamu kwa muuzaji akidai ni mbovu. "Sauti?" akauliza, huku akijishika sikio. Muuzaji akamjibu, "Meiyou," yaani hakuna, neno ambalo kila mfanyabiashara wa kwetu aliyefika Guangzhou, Uchina, alilijua kabla hajajua kuomba maji. Ilikuwa filamu fupi ya kale, ya enzi ambazo watu kwenye picha walifungua midomo bure. Kaka akarudi nayo.

Mimi nilikuwa mwanafunzi. Yeye alikuja kununua jinzi soko la Zhanqian, na mtaji wake ulikuwa cherehani ya mkewe, aliyoiuza bila kumwambia. Kila Jumapili nilipomtembelea chumbani kwake mtaa wa Dengfeng, nilikuta jinzi hazijanunuliwa na filamu inaendelea. Ndani yake kuna bwana ambaye kazi yake ni kuwaamsha wafanyakazi alfajiri kwa kugonga madirisha yao kwa fimbo ndefu. Dirisha moja halifunguki. Basi anayaacha mengine yote, anagonga hilo hilo, na mji mzima unalala hadi adhuhuri. Filamu imekwisha.

"Mjinga sana huyu," kaka alisema Jumapili moja, macho kwenye runinga. "Anagonga tu. Hata hodi hapigi."

"Kaka, haina sauti."

"Mdomo si anao? Tungeuona ukicheza."

Nilipandwa na hasira. Asubuhi ile ile nilikuwa naye kwenye kibanda cha simu alipompigia wifi yangu. "Jinzi zimepanda bei," alianza, "lakini laoban, mwenye duka, atanipunguzia." Upande wa pili, kimya. "Laini mbovu," akasema, akakata. Laini ilikuwa nzima. Nilimsikia wifi akikohoa.

"Na wewe je?" nikamwambia. "Ukimpigia mkeo unaanza na jinzi. Hodi umepiga lini?"

Akaizima runinga katikati ya filamu, jambo ambalo hakuwahi kulifanya. Nikaogopa. Tukashuka hadi kibandani, akapiga namba, na wifi akapokea.

"Hodi," kaka akasema.

Wifi akakohoa.

"Hodi, mke wangu. Cherehani ilikuwa yako, nami sikukuomba. Hodi."

Mwenye kibanda alikuwa anakula tambi, akaacha.

"Vua viatu," wifi akasema. "Nimepiga deki."

Kaka akainama pale pale, akaanza kufungua kamba.