Fundo la Ndama Mbele ya Kamera

Mzee niliyekuwa nikimtunza kule Anoka, jimboni Minnesota, katikati ya miaka ya 2010, alikuwa baharia wa Norwe tangu ujana hadi mvi. Alihamia huko kumfuata binti yake, na wapiga filamu wa kwao wakawa wanamfuata huko huko. Alikuwa ameshatokea katika filamu mbili kuhusu maisha ya mabaharia, na zote alinionyesha wiki yangu ya kwanza, kabla hata sijajua vidonge vyake vinakaa wapi. Katika kila moja anafunga fundo la kitanzi kwa mkono mmoja huku akisimulia dhoruba. Dhoruba ya filamu ya pili ilikuwa kubwa kuliko ya kwanza, ingawa ilikuwa ile ile.

Kila asubuhi, baada ya uji, tulifunga kamba ili kunyoosha vidole vyake. Nilipoliona fundo lake kwa karibu nilicheka. Kwetu Nyamira ndivyo tulivyomfunga ndama: kitanzi kisichokaza, asije akajinyonga.

"Meli si ndama," akasema.

"Ndama anavuta zaidi, Mzee."

Alininunia mpaka chakula cha mchana.

Kisha wapiga filamu wakaandika kwamba wanakuja kupiga filamu ya tatu, na mikono yake ilikuwa imeanza kutetemeka. Aliniambia waziwazi: wanamtaka kwa ajili ya lile fundo, na akishindwa watatafuta mzee mwingine. Nilimhurumia hadi nikakasirika. Mtu amevuka bahari zote, leo anaogopa kipande cha kamba! Dada yangu naye akanipigia simu kutoka Brooklyn Center, mji wa jirani: "We vaa tu poa, huenda ukaonekana kwa TV." Nikamjibu kwamba mimi kazi yangu ni kuleta kahawa.

Siku ikafika. Alijaribu mara tatu, na mara tatu kamba ikaanguka. Mwongozaji, mama mmoja mpole, akasema si lazima, waendelee na maswali. Mzee akawa mwekundu, akageuza uso dirishani.

Sikungoja ruhusa. Nilipiga magoti kando ya kiti chake, nikaiokota kamba. "Wewe simulia, mimi nifunge."

Akanitazama kidogo, kisha akaanza. Nikafunga fundo langu la ndama polepole, kamera ikiwa juu ya vidole vyangu, na siku hiyo mawimbi yake yalipanda kuliko nyumba ya ghorofa tatu.

Walipokuwa wakikunja nyaya, mwongozaji akaniuliza waandike nini chini ya jina langu: muuguzi au mhudumu? Kabla sijafungua mdomo, Mzee akajibu.

"Baharia."

Mimi, ambaye hata kivuko cha Likoni sijawahi kukipanda. Nikamwuliza, na yeye je?

"Mimi nimestaafu leo," akasema, akaninyooshea kikombe nimwongezee kahawa. Mkono ulikuwa bado unatetemeka, na hakuuficha.